Kimya cha Godfrey Reggio kinafaa wapi?

Kuna filamu ya dakika 86 ambayo haina mwigizaji, haina mahojiano, haina hata msimulizi. Inaitwa Koyaanisqatsi, ilitoka mwaka 1982, na aliyeiongoza ni Mmarekani Godfrey Reggio. Kabla ya hapo hakuwa mtu wa sinema. Alikuwa bruda Mkatoliki, akaishi utawani miaka 14 ya sala na ukimya. Nadhani ndiyo maana hana haraka ya kufungua mdomo.

Mbinu yake kubwa siku hizi iko kwenye simu ya kila mtu. Kamera ya filamu hupiga picha 24 kwa sekunde. Ukiipunguza ipige picha moja tu kwa sekunde, halafu ukaionyesha kwa mwendo wa kawaida, saa nzima inakwisha kwa dakika mbili na nusu. Ron Fricke, mpiga picha wake, aliielekeza kamera hiyo angani, mawingu yakabingirika na kuvunjika mithili ya mawimbi. Akaielekeza mjini: magari ya usiku yakawa mistari ya taa. Halafu soseji zinatoka kiwandani kwa mpangilio, na muda si mrefu unaona watu wakipandishwa na ngazi za umeme, wamebanana vilevile. Hakuna anayekuambia ucheke au usikitike. Ni muziki wa mtunzi Philip Glass tu unaorudia na kurudia hadi kichwa kinaanza kuzunguka.

Filamu inayalalamikia maisha ya mashine, na wengine humkejeli Reggio: unailalamikia mashine huku umeshika mashine? Mimi hilo halinisumbui. Reggio amekuwa akieleza kwamba teknolojia si chombo tunachokishika na kukiweka chini tukichoka. Tunaishi ndani yake kama tunavyoishi ndani ya hewa. Angesimama wapi basi ili aipige picha kutoka nje?

Kinachonivutia zaidi ni jinsi anavyoonyesha nchi yenyewe. Sisi tumezoeshwa filamu za Serengeti ambamo mzungu fulani, kwa sauti ya upole, anatueleza simba jike anawaza nini. (Simba mwenyewe hajawahi kuulizwa.) Reggio anakuacha na mwamba na kivuli kinachotambaa juu yake. Ukichoka, umechoka wewe. Kisha yanakuja majengo ya Pruitt-Igoe, St. Louis: maghorofa 33, kila moja la sakafu 11, yaliyojengwa miaka ya 1950 kwa ajili ya watu wa kipato cha chini na kuanza kubomolewa mwaka 1972. Unayaona matupu, vioo vimevunjika, kisha yanalipuliwa na kushuka ndani ya vumbi lake. Mtazamaji wa Marekani hakuhitaji maelezo. Alikuwa amesoma habari zake magazetini, pengine alipita jirani. Kimya kile kilijazwa na mambo anayoyajua.

Ndipo ninapofika kwenye ugomvi wangu na filamu yake ya pili.

Powaqqatsi ilitoka mwaka 1988. Safari hii kamera ilikwenda Brazil, Peru, Misri, India, Nepal, na hata hapa kwetu Kenya. Badala ya kuharakisha, picha nyingi zimepunguzwa mwendo. Inaanzia Serra Pelada, mgodi wa dhahabu katika jimbo la Pará nchini Brazil: shimo kubwa ajabu, wanaume wamejaa matope mwili mzima, wanapanda mteremko na viroba vya udongo mgongoni. Mmoja ameumia, wenzake wanampandisha, naye amelegea kama Kristo anayeshushwa msalabani. Muziki unapiga ngoma na tarumbeta. Inapendeza, na hapo ndipo ninapokereka.

Mwonyeshe picha hizo mchimbaji wa dhahabu wa Geita au mwanaapolo anayechimba tanzanite Mererani. Hataanza na uzuri wa mwanga. Atauliza mwenye shimo ni nani, mgawo wa viroba ukoje, yule aliyeumia nani atamlipia matibabu. Filamu haina jibu, na aliyekaa kwenye kiti chake New York hana cha kumsaidia kuuliza, kwa sababu maisha yale hayajui. Kimya kilekile kilichomheshimu mtazamaji mwaka 1982 sasa kinamnyima mchimbaji jina, ujira na hasira yake. Jasho limekuwa pambo.

Sisemi Reggio alikuwa na nia mbaya. Ukimtazama yule mtoto anayetembea pembeni mwa barabara huku lori linampita na kumfunika kwa vumbi, unajua mwongozaji yuko upande wa nani. Lakini kuwa upande wa mtu si sawa na kumpa nafasi aseme.

Kwa hiyo ukizitafuta, anza na Koyaanisqatsi, ongeza sauti, simu weka mbali. Powaqqatsi itazame pamoja na mtu aliyewahi kushuka duarani, yaani shimoni mwa mgodi, kubeba tofali au kusukuma mkokoteni, na akianza kuongea katikati ya filamu, usimnyamazishe.