Wanawake wa Sungi Mlengeya na swali la "huyu ni wa wapi?"

Picha nyingi zinazouzwa kwa watalii Bagamoyo hujaa rangi mpaka ukingoni: jahazi, mbuyu, Mmasai na mkuki wake. Sehemu ya mtindo huo ni urithi wa Edward Saidi Tingatinga, aliyeanza kuchora Dar es Salaam mwaka 1968 kwa rangi za mafuta za bei nafuu juu ya hadibodi.

Sungi Mlengeya anafanya kinyume. Ni Mtanzania aliyezaliwa 1991, akajifundisha kuchora mwenyewe, na mwaka 2018 akaacha kazi ya benki ashike brashi. Turubai lake huwa jeupe. Katikati yumo mwanamke mweusi, pengine wawili watatu, na mara nyingi nguo yao nayo ni nyeupe, inamezwa na weupe wa nyuma. Unachoona ni uso, shingo, mikono, miguu. Gauni linaishia wapi unajua tu kwa kutazama ngozi inapokatikia. Hakuna nyumba, hakuna mti, hata kivuli hakuna.

Kwa jicho la mtu wa Pwani, hapo pana kasoro. Mwanamke wa huku hutambulika kwa vitu vyake: kanga na maneno yake, hina, udi, baraza analokalia. Ukivifuta vyote unabaki na mtu asiye na kwao, ambaye tajiri wa London anaweza kumtundika sebuleni bila kujua lolote kuhusu Tanzania. Hoja hii ina uzito, ila nadhani inamlaumu asiyehusika. Sam Ntiro, mchoraji Mtanzania wa kizazi cha nyuma, alichora Uchaggani kwa kina, migomba, pombe ya ndizi, shughuli za harusi, na bado picha yake moja iko kwenye makumbusho ya sanaa ya kisasa, MoMA, New York. Picha zetu huenda ughaibuni zikiwa na mahali au zikiwa hazina. Zinafuata wanunuzi, na wanunuzi hapa ni wachache. (Wengi wetu kazi za Mlengeya tunaziona kwenye simu tu, na hilo linaniuma kuliko huo weupe.)

Upande wa pili unanivuta zaidi. Kwa miaka mingi mwanamke kwenye picha za soko amekuwa na mtungi kichwani au mtoto mgongoni. Hata ndani ya fremu yuko kazini. Wa Mlengeya hajabeba kitu. Ameegemea mwenzake, au amejinyoosha tu. Nyuma yake pangekuwa na kisima, mtazamaji angeanza kumtafutia ndoo.

Hata hivyo weupe huo hauwezi kuonyesha mwanamke huyo aliutuaje mzigo. Huyu aliyejinyoosha, watoto kawaachia nani? Nyumbani waligombana? Hela inatoka wapi? Binti wa Bagamoyo anayetaka kuacha mshahara ili awe mchoraji ataulizwa hayo yote na wazazi kabla hajanunua rangi, ingawa chuo cha sanaa kipo mjini kwake tangu 1981. Mchoraji aliyeaga benki ana mengi ya kusema hapo. Ningependa kumwona akiyachora, hata kama itambidi aweke ukuta nyuma ya huyo mwanamke.