Kukopi Sio Dhambi, Muacheni Diana wa Mantua na Shaba Yake

Giorgio Vasari, yule Mtaliano aliyeandika maisha ya wasanii, alipita Mantua, mji wa kaskazini mwa Italia, mwaka 1566 akamkuta binti anachonga picha kwenye bamba la shaba, na kitabu chake kilipotoka upya mwaka 1568 akamtaja humo, kwamba kazi zake ni za kushangaza na yeye mwenyewe ni binti mwenye adabu na mvuto. Yaani kazi na sura kwenye sifa moja, wanaume bwana. Huyo binti ni Diana, baba yake Giovanni Battista Scultori alikuwa fundi wa kuchonga, na kaka yake Adamo vilevile.

Sasa kinachonikera sio Vasari, angalau yeye alimtaja. Kinachonikera ni hawa wa siku hizi, ukimtaja Diana tu utasikia "aah, huyo alikuwa anakopi michoro ya Giulio Romano tu, hakubuni kitu", yaani yule mchoraji aliyekuwa anapamba majumba ya watawala wa Mantua. Jamani. Hiyo ndo ilikuwa kazi yenyewe! Karne ya 16 hakuna kamera, picha imechorwa ukutani kwenye jumba la mtawala huko Mantua, mtu wa Antwerp, Ubelgiji ya leo, ataionaje? Anaiona kwa sababu kuna mtu alikaa chini akaichonga upya kwenye shaba, mstari kwa mstari, ikachapwa kwenye karatasi ikasafiri. Marcantonio Raimondi, mchonga shaba wa Kitaliano, amejenga jina lake lote kwa kuchonga michoro ya mchoraji Raphael, tena kabla ya hapo alishachukua picha za yule Mjerumani Albrecht Dürer akazikopi mpaka na ile alama ya jina la Dürer akaibandika, na bado vitabu vinamwita fundi mkubwa. Diana akifanya kazi ileile eti ni mkopiaji. Fundi cherehani ukimpelekea picha ya mshono kwenye simu akakutolea gauni limekukaa vizuri hakuna anayemwambia wewe sio fundi, si ndio?

Na watu wanaongea hivyo kwa sababu hawajui shughuli ilivyo. Bamba linasuguliwa mpaka linang'aa, alafu unashika kichuma chenye ncha unakisukuma kwa nguvu ya kiganja, na kila mfereji unaochimba ndo utakaokamata wino. Hakuna rangi, kwahiyo kivuli cha shavu, mkunjo wa nguo, mwanga wa dirishani, vyote unavitengeneza kwa mistari tu, minene, myembamba, iliyobanana, iliyoachana. Ukikosea sio kufuta na kitambaa, inabidi ukwangue alafu ugonge bamba kwa nyuma ili pale palipobonyea paje sawa. Na usisahau picha ikichapwa inatoka kinyume, kulia inakuwa kushoto, kwahiyo hata jina lako unalichonga kinyumenyume. Baada ya hapo ndo wino unapakwa, juu panafutwa, karatasi iliyoloweshwa inawekwa, vinapitishwa pamoja kwenye mtambo. Sa mtu aliyefanya hivyo kwa karamu ya harusi ya Cupid na Psyche, wapenzi wa hadithi za kale za Kirumi, ile ya ukutani Palazzo Te, jumba la mtawala wa Mantua, kwa mabamba matatu yanayoungana mpaka picha inapita mita moja kwa upana, unamwitaje "kakopi tu"?

Kwangu mimi ila, cha maana zaidi kuhusu Diana sio mkono, ni biashara. Mwaka 1575 tayari yuko Roma na mumewe Francesco da Volterra, msanifu majengo ambaye bado anatafuta wateja, na tarehe 5 Juni mwaka huohuo anapata kibali cha Papa Gregory XIII, kwa jina lake mwenyewe, cha kuchapa na kuuza picha zake bila wengine kuzikopi. Kibali kiko kwa jina lake, sio la baba wala la mume. Alafu angalia alivyokitumia: picha anazipeleka kwa wakubwa, jina la mheshimiwa limechongwa palepale chini, ile karamu ya Psyche kwa mfano aliielekeza kwa Claudio Gonzaga, wa ukoo uleule uliotawala Mantua, na mwaka 1576 akachonga kichwa cha nguzo ya kale kutoka kwenye mchoro wa mumewe. Kwa macho yangu hilo ni tangazo, msanifu mgeni mjini anajulikanaje haraka kama sio karatasi inayopita mkono kwa mkono. Nikisoma mahali wameandika kwamba yeye alikuwa "anamsaidia mume" nacheka, maana ukiangalia vizuri unajiuliza nani alikuwa anamtambulisha nani.

Na hili la "alifundishwa na baba", ndio, alifundishwa na baba, Adamo je alifundishwa na nani? Baba huyohuyo. Zama zile karakana ya nyumbani ndo ilikuwa shule, kwa mabinti na kwa watoto wa kiume. Tofauti ni kwamba mtoto wa kiume akitoka hapo alikuwa na milango mingine, anaweza kwenda kuchora mwili wa mtu aliye uchi, anaweza kupewa ukuta mzima wa kanisa, na binti ilikuwa vigumu sana. Bamba la shaba ila unalifanyia kazi umekaa mezani karibu na dirisha, nyumbani kwenu, na kazi ikatoka nje kuliko wewe unavyotoka. Isabella Piccini wa Venice aliingia utawa mwaka 1666 na akiwa humohumo konventini akaendelea kuchonga picha za vitabu. Anna Maria van Schurman, yule msomi wa Utrecht, Uholanzi, aliyekuwa anasikiliza mihadhara ya chuo kikuu akiwa amefichwa ili wanafunzi wa kiume wasimwone, sura yake alishaichonga mwenyewe mwaka 1633 na kuichapa. Hapo ndo naona utamu wa hii sanaa, mtu kafichwa darasani na uso wake unatembea kwenye karatasi.

Alafu kuna pesa, ambayo watu wa sanaa wanaona aibu kuiongelea. Bamba ni mali, unarithi, unauza, unachapa tena mwaka unaofuata. Pale Antwerp, Hieronymus Cock aliyekuwa anachapisha michoro ya mchoraji maarufu Pieter Bruegel alifariki 1570, na mjane wake Volcxken Diericx akaendesha lile duka miaka 30 mpaka anafariki mwaka 1600. Miaka 30! Sasa tafuta makala za Bruegel uone Cock anatajwa mara ngapi na mama huyu mara ngapi.

Diana mwenyewe jina lake lilipata shida kubwa zaidi. Picha zake alisaini Diana, wa Mantua, na baadae raia wa Volterra kwa upande wa mume, yaani alijitambulisha kwa mji. Waliokuja nyuma wakaona haitoshi, wakamtafutia ukoo, wakamuunganisha na Giorgio Ghisi, mchonga shaba mwingine wa Mantua, na kwa muda mrefu sana akawa anaorodheshwa kama Diana Ghisi. Ukoo ambao sio wake kabisa! Hata leo ukisaka picha zake mtandaoni jaribu na hilo jina, utakutana nazo.

Na kwa wale ambao bado wanasema bila kubuni hakuna usanii, haya, chukueni Geertruydt Roghman wa Amsterdam, karne ya 17. Baba mchonga shaba tena, na kaka yake Roelant ni mchoraji wa mandhari. Huyu dada alibuni na kuchonga mwenyewe seti ya picha tano za wanawake wakiwa kazini nyumbani, anasokota uzi, anashona, anapika, anasafisha vyombo, hakuna mapenzi wala kichekesho wala bwana anachungulia mlangoni, na mmojawapo katugeuzia mgongo kabisa hata uso humwoni, yuko bize. Kabuni mwenyewe huyo, hajamkopi mtu, na bado hawamtaji. Kwahiyo tatizo halijawahi kuwa kubuni.