Wimbo wa mama unabebwa na bili, si machozi

Kila ikikaribia Siku ya Mama, Jumapili ya pili ya Mei, zinaanza kusikika tena nyimbo za kantri, ule muziki wa mashambani wa Marekani, za kumshukuru mama, hasa zile ambazo msanii haimbi bali anaghani juu ya gitaa. Wapo wanaozidharau kwamba zimetungwa ili kuliza watu. Ni kweli, ndiyo kazi yake. Ila kumliza mtu kwa kuongea tu ni kugumu, na nyingi zinazotungwa kwa mtindo huo zinaharibika zikiwa bado kwenye karatasi.

Chukua "No Charge" (Bila Malipo) ya mtunzi Harlan Howard, ambayo mwimbaji Melba Montgomery aliifikisha nafasi ya kwanza kwenye chati ya kantri ya Marekani mwaka 1974. Mtoto anamfuata mama yake jikoni na kumkabidhi karatasi. Ni bili. Kukata nyasi, dola 5. Kutandika kitanda chake mwenyewe wiki hiyo, dola 1. Kwenda dukani, senti 50. Kucheza na mdogo wake mama alipotoka, senti 25. Kutupa taka, dola 1. Ripoti nzuri ya shule, dola 5. Kukusanya majani uani, dola 2. Jumla dola 14.75, na ukijumlisha mwenyewe utaona hesabu imekaa sawa. Mama anaigeuza karatasi na kuandika ya kwake upande wa pili, akianza na miezi tisa ya mimba. Hadai hata senti.

Angalia mpangilio huo. Nusu nzima ya mwanzo haimsifu mama popote. Msikilizaji anamcheka mtoto, hasa kwenye zile senti 25, na aliyekwisha kucheka hajajikinga tena. Jimmy Dean mwaka 1976 alipita njia nyingine katika "I.O.U." (Nina Deni Kwako): mtu mzima anaongea mwanzo hadi mwisho, akitaja kazi moja moja alizofanyiwa na mama. Hakuna mtoto wa kuchekwa, lakini madai yameorodheshwa vilevile.

Wengi wa watunzi wetu wanairuka bili. Wanaanza na mama malaika, mama nuru, mama dhahabu, na mstari wa nne ukifika bado mama hajafanya kitu. Mwacheni afanye kazi: apige pasi ya mkaa sare ya shule saa kumi na moja alfajiri, achane pindo la khanga afunge kidonda. Halafu mpeni mtoto madai yake, kwa bei za kitoto. Kuchota ndoo mbili, shilingi 400. Kumbembeleza mdogo wangu alipolia, shilingi 150. Mkiandika elfu hamsini hamna mtoto tena, mna fundi.

Sasa vipimo. Kwa mwendo wa mapigo 70 kwa dakika, mapigo manne kwa kila kipimo, vipimo 16 vinachukua kama sekunde 55. Kwa Kiswahili cha kughani taratibu, hapo yanaingia maneno 80 hadi 90. Ukiandika 140, mghani atakimbia kama anatangaza mpira, na gitaa la stili, lile la kuteleza chuma juu ya nyuzi, litakosa pa kujibu. Kipimo cha mwisho cha kila ubeti kiachwe kitupu. Kodi tatu za gitaa, G, C na D, zinatosha. Kinanda kisijaze pale sauti ilipo. Kikipiga, kipige mghani akivuta pumzi. Na vina visigonge kila mstari, la sivyo mnapata ngonjera ya kufunga shule.

Maiki iwe sentimita 15 hadi 20 kutoka mdomoni, imeegeshwa pembeni kidogo, la sivyo "p" na "b" zitapasuka, na kwenye wimbo wa aina hii hakuna ngoma ya kuzificha.

Kosa kubwa zaidi ni mghani kulia. Akilia yeye, msikilizaji anabaki mtazamaji. Mwaka 1976 J.J. Barrie aliufikisha wimbo huohuo wa Howard namba moja Uingereza akiongea kwa utulivu, huku Vicki Brown akiimba nyuma yake. Mgawanyo huo ndio sahihi: uchungu abebe anayeimba, anayeongea abaki mkavu. Kama mnataka hisia zipande ubeti wa mwisho, pandisheni ufunguo wa wimbo nusu sauti, kutoka G kwenda A-flati, lakini mghani abaki palepale. Mwaka huohuo mchekeshaji Billy Connolly alitoa toleo la mzaha la wimbo huu, nalo likaingia kwenye chati za Uingereza. Ukizidisha chumvi kidogo tu, watu watacheka mahali ulipotaka walie.

Nami nina neno na Howard mwenyewe: mstari unaofafanua kwamba upendo wote wa mama ni wa bure hauhitajiki. Karatasi imeshageuzwa, tumeshaona. Mkiwa na mstari wa namna hiyo kwenye wimbo wenu, ufuteni kabla ya kurekodi, na sekunde zake mpeni mpiga stili.