Jiwe Linalorudisha Wakati na Mpaka wa Duara Lake

Wapo wengi wasioyapenda madini ya kubuni yenye nguvu juu ya wakati, na sababu yao inaeleweka. Ukishampa mhusika jiwe la kurudisha yaliyopita, umemwondolea hofu ya kupoteza: aliyekufa atafufuka, kilichovunjika kitaungwa, na msimulizi aliyekwama atapata pa kupenyea. Lawama hiyo huyaangukia pia mawe ya kuhamisha wakati yaliyomo katika mchezo wa video wa The Legend of Zelda: Skyward Sword, uliotolewa na kampuni ya Nintendo mwaka 2011 na kutolewa upya mwaka 2021. Kwa mawe haya, nadhani lawama imebisha hodi kwenye nyumba isiyo yake.

Mawe hayo yanapatikana katika nchi ya Lanayru, ambayo wakati wa masimulizi ni jangwa tupu, lenye reli zilizofukiwa na mashine zilizokufa zamani. Link, mhusika mkuu, akilipiga jiwe kwa upanga, eneo linalolizunguka hurudi lilivyokuwa karne nyingi nyuma: mchanga unaomeza watu hugeuka ardhi imara, majani huchipua, mitambo huanza kunguruma. Lakini nguvu ya jiwe ina mpaka. Inaishia kwenye ukingo wa duara, na hatua moja nje ya ukingo huo jangwa liko palepale. Link mwenyewe habadiliki umri wala hali, ila kilichomzunguka ndicho kinachobadilika, na hakirudi na mazuri peke yake, kwa kuwa maadui waliokuwa mifupa au vyuma baridi nao huamka na silaha zao za umeme. Anayesema jiwe hili linafuta hatari hajaingia nalo mgodini.

Mfano ulio wazi zaidi ni wa bahari ya mchanga. Link anapanda mashua iliyofungwa jiwe hilo, na mashua inaposafiri, duara la maji husafiri nayo. Mbele ni mchanga, nyuma ni mchanga, na katikati ni kipande kidogo cha bahari iliyokauka zamani, kinachojaa maji pale chombo kilipo na kukauka pale kilipopita. Bahari haijarudi. Kilichorudi ni kile tu kinachotosha kubeba chombo kimoja, na mchezaji hawezi kusahau hata kwa dakika moja ukubwa wa kilichopotea, kwa sababu kimemzunguka pande zote.

Jambo ambalo wakosoaji hulipita haraka mno, nami sijaweza kulipita, ni wachimbaji. Mgodi wa Lanayru ulichimbwa na roboti wadogo, na leo wamelala mchangani wakiwa na kutu, mmoja hapa, mwingine pale, kama vyombo vilivyotupwa. Jiwe linapopigwa, kutu inatoweka, macho yanawaka, nao wanaendelea na kazi na mazungumzo, wakichanganya maneno na milio ya mitambo, kana kwamba siku ile ya kazi haijakatika. Wanamwelekeza Link njia na kumweleza shida zao. Kisha mchezaji anaondoka, au analipiga jiwe mara ya pili, na yule aliyekuwa akizungumza naye ni chuma kilichoinama tena mchangani. Mara za mwanzo unaliona hilo kama fumbo la kutegua, yaani wapi pa kusimama na jiwe lipi la kupiga. Baadaye inakuwa vigumu kulipiga jiwe bila kufikiri kwamba unamwamsha mtu kwa ajili ya haja yako, na kwamba haja hiyo ikiisha utamrudisha mavumbini. Tena jiwe linalomwamsha ni lilelile alilolichimba. Sijui namna nyingine ya kuonyesha kwa ufupi hivyo kwamba utajiri wa mgodi hudumu kuliko mikono iliyoutoa ardhini.

Hata katika jambo kubwa kabisa, jiwe halitoshi. Joka la radi la Lanayru, mlinzi wa nchi hiyo, kwa sasa ni mifupa mitupu. Jiwe linamrudisha kwenye uhai, lakini linamrudisha akiwa mgonjwa, kwa maana hivyo ndivyo alivyokuwa. Dawa yake ni tunda la mti ambao mche wake haustawi katika ardhi ya huko. Mche huo unapandwa zama zilizopita, mahali penye Lango la Wakati, yaani mlango wa kuvukia kutoka zama moja hadi nyingine, na tunda lake linachumwa zama hizi, baada ya mti kukua miaka yake yote. Kwa hiyo msimulizi aliyetuhumiwa kukimbilia njia ya mkato amelazimika kuusubiri mti.

Wanaouliza kwa nini nguvu hii iwekwe ndani ya madini badala ya kuitwa uchawi basi, wakumbuke kwamba uhusiano wa jiwe na wakati haukuzuliwa na wabunifu wa michezo. Kipande cha kwatzi, jiwe la fuwele, katika saa ya mkono hutetema mara 32,768 kwa sekunde. Chembe za madini ya zirkoni kutoka Jack Hills, magharibi mwa Australia, zimehifadhi tarehe ya miaka bilioni 4.4 hivi, inayosomwa kwa kupima urani iliyogeuka madini ya risasi ndani yake. Jiwe la Lanayru limeiendeleza mbele dhana ambayo jiolojia imekwisha kuitia mkononi mwetu.

Hata hivyo, wakosoaji wana hoja moja ambayo siwezi kuipangua. Ndani ya duara huchanua ua la kale ambalo kwa zama hizi halipo tena, na Link hulichuma na kutoka nalo likiwa zima, ilhali roboti hawezi kuuvuka ukingo huohuo bila kurudi kuwa kutu. Kanuni imevunjwa waziwazi, na mchezo hautoi maelezo yanayotosha. Ningetamani wabunifu wangelishughulikia hilo, kwa sababu kazi iliyosimama juu ya mpaka haina ruhusa ya kuulegeza.

Ila tazama ua hilo linatumika wapi. Linapelekwa Skyloft, kisiwa cha angani anakotoka Link, kwa fundi aitwaye Gondo, ambaye analihitaji ili kumtengeneza roboti wa zamani aliyeharibika. Roboti huyo, Scrapper, anaamka bila duara lolote kumzunguka, anaanza kumbebea Link mizigo mizito, na jiwe likipigwa au lisipigwe, harudi kulala.