Pachelbel, amadinda na rapu: vijana waanzie wapi?

Walimu wengi wa muziki wakitaka kuwaonyesha vijana kwamba klasiki na muziki wa leo vina undugu, hupiga Kanoni ya Pachelbel, mtunzi Mjerumani, kisha "C U When U Get There" ya rapa Coolio ya mwaka 1997, iliyojengwa juu yake. Wanaotetea njia hii wana hoja: kijana wa Kampala hatavumilia fidla za karne ya 17 mpaka asikie ndani yake kitu anachokijua. Wanaoipinga husema somo linaishia kwenye "kumbe alinakili!", na klasiki inabaki ghala la kuchotea vionjo.

Nakubaliana na lawama hiyo, ila dawa yake ni vijana kuimba wenyewe. Besi ya Kanoni ina noti 8 tu, zinazorudiwa mara 28. Kwa solfa, yaani noti za do-re-mi ambazo wanakwaya wetu wengi wanazisoma, ni do so la mi, fa do fa so. Waimbe hiyo kabla ya kusikia rekodi yoyote, kisha kundi moja liishike huku jingine likirapu juu yake. Rekodi ikifika, wasikie fidla tatu zikipiga wimbo uleule, kila moja ikianza mapigo 8 baada ya mwenzake. Usitumie spika ya simu. Haitoi besi, kwa hiyo kiungo chenyewe hakisikiki na darasa linadhani unabahatisha.

Hoja nzito zaidi ni hii: kwa nini klasiki iwe ya Ulaya tu? Muziki wa kasri la Kabaka, mfalme wa Buganda, ulikuwa na mafundi wake na kanuni zake, hadi shambulio la mwaka 1966 kwenye kasri hilo, huko Mengo, lilipowatawanya. Amadinda, marimba ya Waganda, ina mbao 12. Wapigaji wawili hukaa wakitazamana, kila mmoja akijaza mapengo ya mwenzake. Wa tatu huokota wimbo mwingine kwenye mbao mbili za juu kabisa. Gitaa za rumba ya Kongo nazo hupokezana hivyo. Sisemi moja ilizaa nyingine, lakini sikio lililozoea rumba huidaka amadinda haraka.

Tahadhari: usiipige amadinda pamoja na kinanda. Amadinda hugawa oktava (kutoka do hadi do ya juu) karibu sehemu 5 zilizo sawa, kinanda sehemu 12, na vijana watadhani marimba ndiyo mbovu. Na ukiwa Gulu, anza na bwola, ngoma ya kifalme ya Waacholi, kabla ya kuwaletea ya Mengo.