Suraj Venjaramoodu: mchekeshaji aliyesifiwa aliponyamaza

Aprili 2014, ndani ya siku chache tu, mtu mmoja alivishwa mataji mawili yasiyokaa vizuri kichwa kimoja. Kutoka Delhi ilitangazwa kwamba Suraj Venjaramoodu ndiye mwigizaji bora wa India nzima kwa filamu za mwaka 2013, tuzo aliyogawana na Rajkummar Rao. Kutoka Thiruvananthapuram, makao makuu ya jimbo lake la Kerala, ikatangazwa kwamba yeye ndiye mchekeshaji bora wa mwaka uleule. Filamu zilikuwa mbili tofauti na majaji walikuwa wengine, kwa hiyo kwenye makaratasi hakuna aliyekosea. Lakini ukiziweka taarifa hizo mbili bega kwa bega, ni vigumu kutotabasamu. Taifa limeona mwigizaji, nyumbani bado wanamwona mtu wa kuwavunja mbavu.

Tangu siku zile kisa cha Suraj kimekuwa kikisimuliwa kwa mtindo mmoja. Alikuwa kijana wa mimikri, sanaa ya kuiga sauti na mwendo wa watu mashuhuri, akaingia kwenye sinema kwa vichekesho vya bei rahisi, halafu siku moja akabadilika, akawa mwigizaji wa kweli. Simulizi hiyo ni tamu na ina chembe ya ukweli. Ila mimi naiona imekaa upande, na aliyekaliwa ni mimikri.

Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni. Wanaoidharau mimikri hawatoki hewani. Sanaa hii ilijengewa jukwaa rasmi na taasisi ya Kalabhavan ya Kochi, ambako vijana sita walianzisha onyesho lao la Mimics Parade mwaka 1981. Miaka kumi baadaye kila sherehe ya hekalu na kila ukumbi wa Wamalayali, yaani watu wa Kerala wanaoongea Kimalayalam, kule Dubai, Doha na Muscat ulikuwa na kundi lake. Kilichofanikiwa kikakaririwa, na kilichokaririwa kikachacha. Mfano ninaouona mzito kuliko yote ni wa Jayan. Huyu alikuwa nyota wa filamu za mapigano, mtu wa misuli na sauti nzito, aliyefariki Novemba 1980 katika ajali ya helikopta wakati akipiga picha za filamu. Waigaji wakaichukua sauti ile, wakaivuta na kuikandamiza, mpaka kizazi kizima cha vijana wa Kerala kikamjua Jayan kama kichekesho kabla ya kumjua kama mtu. Marehemu hawezi kujibu. Watetezi husema bila waigaji Jayan angesahaulika kabisa, na huenda ni kweli, ingawa sijui ni nani angependa kukumbukwa hivyo.

Shutuma ya pili inamgusa Suraj moja kwa moja. Mtaji wake wa mwanzo ulikuwa lafudhi ya Thiruvananthapuram, kusini mwa jimbo, tena si ile ya ofisini bali ya sokoni na ya vijiji vya jirani kama Venjaramoodu alikotoka, ambako ndiko jina lake lilikotoka pia. Sinema ya Kimalayalam kwa miongo mingi ilikuwa na lafudhi yake ya heshima, ile ya Valluvanad katikati ya jimbo, iliyowekwa midomoni mwa mashujaa. Ya kusini ilibaki kwa mtumishi, mlevi na tapeli. Suraj alipokuja kuipandisha jukwaani, wapo waliosema anawauza watu wake kwa kicheko cha wenzao wa kaskazini. Ongeza utani wa rangi nyeusi, wa unene na wa wanawake uliojaa katika vichekesho vya miaka ile. Alishiriki, kama walivyoshiriki wenzake. Hilo halina utetezi na mimi sitajaribu kulitetea.

Kilichonifanya niandike ni kingine. Mwaka 2005 ilitoka filamu ya Rajamanikyam, ambamo Mammootty anaigiza mfanyabiashara wa mifugo anayeongea lafudhi ileile ya kusini. Wakati huo Mammootty alikuwa tayari amechukua tuzo ya taifa ya mwigizaji bora mara tatu. Hakuwa mtu wa kufundishwa kazi. Hata hivyo lafudhi ile haikuwa yake, na aliyeletwa kumfundisha ni Suraj, kijana wa jukwaa la mimikri ambaye katika sinema hakuwa na jina la kutisha mtu.

Hebu tuikalie picha hiyo kidogo. Mwigizaji mkubwa kuliko karibu wote wa lugha yake anakaa kumsikiliza mwigaji, amwonyeshe mahali pa kumeza silabi, mahali pa kupandisha sauti mwisho wa swali, mkono unakwenda wapi mtu wa kule anapogombana. Lafudhi haikai kooni peke yake, imo begani na kwenye nyusi pia. Filamu ikavuma kupita kiasi, lafudhi ikasifiwa, na sifa zikaenda kwa Mammootty, kama ilivyo ada. Hakuna aliyesema Mammootty ameshuka daraja kwa kufanya mimikri. Walisema ameigiza. Sikio ni lilelile, kazi ni ileile, ila kwa nyota ikaitwa uigizaji na kwa mwalimu wake ikabaki kuwa vichekesho.

Sisi wa Kiswahili tungepaswa kuling'amua hili haraka kuliko wengine, maana lugha yetu haikutenganisha mambo haya. Mwigizaji ametoka kwenye kuigiza, na kuigiza kumetoka kwenye kuiga. Wamalayali wamelichukua neno la Kiingereza, mimikri, wakalitenga kando na neno lao la uigizaji, na mtengano wa maneno ukawa mtengano wa heshima.

Tena tuangalie ni akina nani walioingia kwenye sinema kwa mlango ule wa mimikri. Kalabhavan Mani alikuwa dereva wa bajaji huko Chalakudy, mtoto wa familia maskini ya Kidalit, jamii iliyobaguliwa na mfumo wa matabaka wa India. Salim Kumar alitokea kwenye mashindano ya mimikri ya vyuo. Suraj mwenyewe ni mtoto wa mwanajeshi aliyetaka kumfuata baba yake jeshini, mkono ukavunjika kwa kuanguka na baiskeli, ndoto ikaishia hapo. Hakuna hata mmoja kati yao aliyebebwa na jina la ukoo. Mimikri haikudai ada ya chuo cha filamu wala mjomba mwenye studio, ilidai sikio na ujasiri wa kusimama mbele ya umati wa sherehe ya hekalu saa saba za usiku. Anayesema mlango huo uliingiza taka asisahau kwamba milango mingine ilikuwa imefungwa.

Sasa turudi kwenye tuzo. Jimbo la Kerala lilianza kutoa tuzo ya mchekeshaji bora kwa filamu za mwaka 2008, na wa kwanza kuipokea alikuwa Mamukkoya, mzee wa Kozhikode aliyewahi kufanya kazi ya kupima magogo. Ilitolewa kwa miaka sita. Katika hiyo sita, Suraj aliichukua mara tatu: 2009, 2010 na 2013. Salim Kumar naye aliipata ya 2012, na huyu alikuwa tayari mwigizaji bora wa taifa kwa filamu ya 2010, Adaminte Makan Abu, alimoigiza mzee Mwislamu muuza manukato anayejinyima kwa miaka ili aende Makka kuhiji na mkewe. Yaani mtu amekwisha kuwa bora wa India nzima, kisha anarudi nyumbani kupewa nishani ya kuchekesha. Baada ya kisa cha Suraj cha mwaka 2014 tuzo hiyo haikutolewa tena.

Hapa ndipo pande mbili zinapogongana kwa haki. Upande mmoja unasema afadhali imekufa. Mchekeshaji ni mwigizaji, kumwekea kisanduku chake ni kumwambia asikaribie kikubwa. Hoja hii ina nguvu na mara nyingi hutolewa na watu wanaowapenda wachekeshaji. Nami ningekuwa upande huo bila kusita kama ningeona kwamba uzio ulipobomolewa, kuchekesha kuliingia ndani.

Lakini tazama orodha. Salim Kumar alishinda kwa mzee aliyeinamishwa na umri na nia ya ibada. Suraj alishinda tuzo ya taifa kwa Perariyathavar, filamu ya Dr. Biju, akiwa mfagiaji wa manispaa anayemlea mwanawe kati ya rundo la takataka za mji, na anayeongea kidogo mno. Indrans, ambaye hakutoka kwenye mimikri bali cherehani na aliyetaniwa miaka nenda rudi kwa wembamba wake, alipata tuzo ya jimbo ya 2017 kwa mzee anayemsaka mwanawe aliyepotea. Kila mara ni uzee, umaskini, ukimya. Mchekeshaji anakaribishwa mezani kwa sharti la kuuacha utani wake mlangoni pamoja na viatu.

Na ya ajabu kuliko zote ni Vikruthi ya mwaka 2019. Suraj anamwigiza Eldho, kiziwi asiyeongea, aliyesinzia ndani ya treni ya metro ya Kochi kwa uchovu wa kukesha hospitalini na mtoto. Kijana aliyekuja likizo kutoka Ghuba anampiga picha, anaitupa mtandaoni kwamba ni mlevi, na maisha ya mtu yanaharibika. Kisa kilitokea kweli. Jopo la jimbo likampa Suraj tuzo ya mwigizaji bora. Fikiria, mtu aliyejengwa na sauti, aliyemfundisha Mammootty kusema, anapewa taji la juu la nyumbani kwake kwa nafasi isiyo na neno hata moja.

Watu waliliita hilo ushahidi kwamba ameiacha mimikri. Mimi naona kinyume. Itazame ile filamu ukiwa na jukwaa la mimikri akilini. Mwigaji mzuri huanza na mwili, sauti huja mwishoni. Kabla hajatoa mlio wa mwanasiasa fulani, watazamaji wameshamtambua kwa shingo. Eldho ameundwa hivyohivyo: vidole vinavyoharakisha pale anapotaka kueleweka, macho yanayofuata midomo ya watu, na mguno unaomponyoka akiwa na hasira bila yeye kujua ana sauti gani. Hiyo ni miaka ya kutazama watu kwa ajili ya kuwaiga. Imezimwa spika tu.

Lazima nikiri jambo moja linalotia doa hoja yangu. Tuzo ile ya 2019 ilitolewa kwa filamu mbili, na ya pili, Android Kunjappan Version 5.25, inachekesha. Suraj alikuwa na miaka arobaini na kitu, akamwigiza Bhaskaran Poduval, mzee mbishi wa Payyannur kaskazini kabisa mwa jimbo, ambaye mwanawe anapata kazi Urusi na kumwachia roboti wa kumtunza. Mzee anamchukia yule mashine, kisha anamzoea, kisha anamvalisha nguo kama mtoto wake. Tunacheka kweli, na majaji hawakulihesabu hilo kama kosa. Basi huenda mlango umefunguka ufa. Ila hata hapo sifa nilizozisikia zaidi zilikuwa za kuigiza uzee, mgongo ule na mwendo ule, wakati kilichonishangaza mimi ni mtu wa kusini kabisa kujaribu kusema kama mtu wa kaskazini kabisa, mbele ya watu wanaoweza kukukosoa kwa kutamka kitenzi kimoja vibaya.

Wapo wenye hoja ya busara zaidi kwamba Suraj ni wa pekee, na kumtumia yeye kuisafisha mimikri nzima ni kama kumsifu mganga kwa mgonjwa mmoja aliyepona. Ni kweli wengi hawakufika. Wamebaki na sauti tatu nne walizoanza nazo, wakizirudia runingani na kwenye safari za Ghuba mpaka umri ukawapita. Hoja hiyo naikubali nusu. Nusu nyingine ni kwamba waliohitimu vyuo vya uigizaji bila kufika popote nao ni wengi, na hakuna anayevitaka vyuo hivyo vione haya kwa ajili yao.

Kuna pia The Great Indian Kitchen ya 2021, ambayo wengi nje ya Kerala walimjulia humo. Anaigiza mume, mwalimu, mtu mpole wa sauti ya chini, ambaye upole wake ndio unaommaliza mkewe jikoni. Wasiomjua hawakuwa na habari kwamba mtu huyo ana historia ya kuchekesha, na hawakupungukiwa na kitu. Wanaomjua walipata zaidi. Yale matabasamu madogo ya mume akikwepa swali la mkewe ni yale ya Suraj wa vichekesho, yameondolewa utani, na yanatia baridi.

Wakati huohuo Damu hajafa. Huyu ni jambazi mwoga, Dashamoolam Damu, aliyemwigiza katika Chattambinadu mwaka 2009, nafasi ambayo hakuna jopo lingeigusa. Miaka mingi baada ya filamu kutoka, vijana wakamfufua kwenye picha za utani za simu, sura yake ikawa jibu la kila jambo, tangu matokeo ya uchaguzi hadi mchuzi ulioungua. Ingia duka la Mmalayali pale Ruwi, mtaa ambao Waswahili wa Muscat wanaujua vizuri, ukimtaja Damu utaona muuzaji anavyobadilika uso. Ukimtaja mfagiaji wa Perariyathavar, huenda ukahitaji kumweleza.

Kwa hesabu za serikali ya Kerala, mchekeshaji bora wa jimbo bado ni Suraj Venjaramoodu. Hajapatikana mwingine tangu 2013, kwa kuwa hakuna aliyetafutwa.