Mabaharia 23 wa Kursk
Makala yenu kuhusu nyambizi ya Kursk imenigusa sana, kwani nimekulia Kyela, kando ya Ziwa Nyasa, ambako tunaujua uchungu wa kuwasubiri watu ufukweni. Nyambizi hiyo ya Urusi ilizama katika Bahari ya Barents tarehe 12 Agosti 2000 ikiwa na watu 118, baada ya torpido (kombora la chini ya maji) kulipuka ndani yake, na mabaharia 23 walionusurika walikusanyika katika chumba cha tisa, nyuma kabisa. Wazamiaji wa Norway waliufungua mlango wa dharura tarehe 21. Huenda wale 23 walifariki mapema, kabla msaada haujaweza kuwafikia, lakini kuchelewa kukubali msaada wa nje, na kuutangazia umma ajali tarehe 14 tu, ni mambo nisiyoyakubali hata kidogo.